Kichwa Kilichovimba

Rafiki yangu mpendwa,

Baada ya salamu nyingi, nimeisoma barua yako na nimekwama pale uliposema kwamba viinimacho vya filamu za kimya vilikuwa kazi ya kukata na kuunga vipande vya filamu tu. Niwie radhi, hapo nakupinga, na shahidi wangu ni Georges Méliès, yule mwanamazingaombwe wa Paris aliyenunua ukumbi wa mazingaombwe wa Robert-Houdin mwaka 1888.

Kukata na kuunga alikujua, sikatai. Katika filamu yake ya 1896, bibi aliyeketi kitini anatoweka kwa sababu kamera ilisimamishwa, bibi akaondoka, kisha kamera ikaendelea. Lakini itazame ile ya 1901, ambamo mkemia anaweka mezani kichwa kilicho hai, ambacho ni cha Méliès mwenyewe, ambaye ndiye pia mkemia, akakipuliza kwa mivukuto kikavimba, hadi msaidizi wake akazidisha pumzi na kichwa kikapasuka. (Wanangu, waliokwisha kuona kila kioja kwenye simu, walicheka na kutaka kirudiwe.)

Kamera haikusogea hata kidogo. Aliyesogea ni Méliès, akiwa ameketi kwenye kigari kilichovutwa kuelekea kamera, mwili wote ukiwa umefichwa kwa weusi ili kichwa peke yake ndicho kinaswe na filamu. Na kwa kuwa kitu kilicho chini ya usawa wa lenzi kikikaribia kamera hukua na pia hushuka katika picha, kigari kilipandishwa mwinuko uliopimwa ili shingo isiiache meza. Utepe wa filamu ulirudishwa nyuma ukapigwa picha tena juu ya ile ya kwanza, kwa kamera iliyozungushwa kwa mkono, bila njia ya kujua kama picha hizo mbili, ya mkemia na ya kichwa, zimeafikiana mpaka filamu isafishwe. Mwaka mmoja kabla yake, katika filamu nyingine, ili ajigeuze bendi nzima ya wanamuziki saba, utepe uleule ulipita kamerani mara saba. Kosa katika mzunguko wa mwisho lingeharibu yote sita yaliyotangulia.

Ile filamu yake ya safari ya mwezini ya 1902, ambayo kila mtu huitaja, mimi naiona ina mapambo mengi kuliko kiinimacho.

Basi nakuomba uitazame ile ya kichwa mara mbili, na mara ya pili usikiangalie kichwa chenyewe, angalia pale shingo inapokutana na meza, kisha uniandikie umeona nini.

Wasalaam,
Rafiki yako