Taarifa ya Mwaka ya Mwenyekiti: Anayehama Mwajiri na Miezi Yake ya Michango

Ndugu wanachama,

Mashauri mengi yaliyofika ofisi ya chama mwaka huu yanafanana. Mtumishi amehama kutoka halmashauri kwenda wakala, chuo au shirika la umma, na anapokaribia kustaafu anakuta taarifa yake ya michango ya pensheni ina mapengo. Mapato na matumizi ya chama yamo kwenye ripoti ya mhazini. Hapa nazungumzia mapengo hayo.

Kisheria, uhamisho haumpunguzii mtu haki. Mifuko ya pensheni ya PSPF, LAPF, PPF na GEPF iliunganishwa kuwa PSSSF, mfuko wa hifadhi ya jamii wa watumishi wa umma ulioanza kazi tarehe 1 Agosti 2018, hivyo anayetoka kwa mwajiri mmoja wa umma kwenda kwa mwingine hubaki mfuko uleule. Mtumishi anachangia asilimia 5 ya mshahara wa msingi na mwajiri asilimia 15. Posho hazimo, jambo la kupima vizuri kabla ya kufuata kituo chenye posho nono na mshahara mdogo.

Haki inapotea kwenye kumbukumbu. Taasisi nyingine hulipa mishahara kwa mapato ya ndani, nyingine kupitia Hazina. Mwajiri wa zamani anamwondoa mtumishi kwenye orodha ya mishahara kabla wa mpya hajamwingiza, malimbikizo ya mshahara yanakuja baadaye, na pengine michango ya miezi hiyo haipelekwi. Mtumishi anaona fedha benki, anadhani yamekwisha. Makato kuonekana kwenye hati ya mshahara ni jambo moja, michango kufika kwenye mfuko ni jingine. Lazima vyote viwili vikaguliwe.

Wapo pia waliohama kabla ya 2018, kwa mfano kutoka LAPF kwenda PPF, ambao hukutwa na namba mbili za uanachama. Hao waombe kwa maandishi namba ziunganishwe, wakiambatisha barua ya ajira ya kwanza, ya kuthibitishwa kazini na ya uhamisho. Walioajiriwa Serikali Kuu kabla ya Julai 1999, wakati watumishi hao hawakuchangia, wazitunze barua hizo kuliko wengine wote, kwa sababu ndizo ushahidi wao wa miaka hiyo.

Hasara ya mapengo haya inahesabika. Pensheni ya mwaka, kabla ya kutoa sehemu ya mkupuo (fedha zinazolipwa mara moja), ni miezi ya uchangiaji, mara wastani wa mshahara wa mwaka, gawanya kwa 580. Mwenye wastani wa shilingi 18,000,000 kwa mwaka akipoteza miezi 24 anapungukiwa takriban shilingi 744,800 kila mwaka. Asiyefikisha miezi 180 yuko pabaya zaidi: hapati pensheni ya kila mwezi, hulipwa mkupuo tu.

Kuna kosa tunalolipinga kwa nguvu: kuacha kazi ili kuajiriwa upya na taasisi nyingine ya umma badala ya kuomba uhamisho. Miezi ya katikati haichangiwi, na aliyeacha kazi mwenyewe hana fao la kukosa ajira. Anayeomba nafasi iliyotangazwa apitishe barua kwa mwajiri wake, kama matangazo ya Sekretarieti ya Ajira katika Utumishi wa Umma yanavyoelekeza.

Anayehama sasa asiondoke bila barua ya uhamisho na hati ya mshahara wa mwisho. Akiripoti, atoe namba yake ya PSSSF. Asijaze fomu ya mwanachama mpya. Mshahara wa tatu ukiingia, afungue PSSSF Kiganjani, programu ya simu ya mfuko, alinganishe michango na hati zake za mshahara mwezi kwa mwezi. Akiona pengo, amwandikie mwajiri anayehusika na mwezi huo, nakala kwa ofisi ya PSSSF ya mkoa, akiambatisha hati za mshahara. Kuuliza kwa mdomo dirishani hakuachi alama yoyote kwenye jalada.

Kamati Tendaji imekubali kupokea majalada haya kupitia makatibu wa matawi. Leteni nakala, barua halisi zibaki kwenu.

Mwenyekiti