Barua ya Wazi kwa Waziri wa Ulinzi wa Uingereza Kuhusu Józef Kosacki

Mheshimiwa Waziri,

Ninakuandikia kutoka Morogoro, mji ambao panya buku hufundishwa kunusa mabomu ya ardhini. Mmoja wao, Magawa, alitunukiwa medali ya dhahabu na PDSA, shirika la kutibu wanyama la nchini mwako, mwaka 2020 kwa kazi aliyoifanya Kambodia. Medali hiyo ndiyo iliyonikumbusha mtu aliyelitendea jeshi lako jambo la aina hiyohiyo miaka mingi kabla, akaambulia barua ya shukrani kutoka kwa Mfalme George wa Sita.

Józef Kosacki alikuwa mhandisi na ofisa wa mawasiliano katika jeshi la Poland lililopata hifadhi kwenu baada ya nchi yao kuvamiwa. Mwaka 1941, akiwa Uskoti, alibuni chombo cha kutambua mabomu ya ardhini, chenye koili mbili (nyaya zilizozungushwa) kwenye ncha ya mpini, moja ikipitishiwa umeme na nyingine ikiunganishwa na visikilizi vya askari, ambaye alisikia mlio ukibadilika kila koili zilipokaribia chuma. Hakikufika kilo 14, kwa hiyo mtu mmoja alikimudu. Vyombo hivyo vipatavyo 500 vilitumika katika mapigano ya El Alamein, Misri, Oktoba 1942, na kasi ya kupita katika mchanga uliotegwa mabomu ikapanda kutoka takriban meta 100 hadi 200 kwa saa. Ni mwendo wa kobe, nakubali. Lakini waliofungua njia gizani walikuwa na saa za kuhesabika kabla jua halijawaanika mbele ya bunduki za adui.

Kosacki hakuchukua hataza, yaani hati ya kumiliki ubunifu; aliwapa Waingereza bure. Kwa kuwa jamaa zake walikuwa Poland chini ya Wajerumani, alijificha nyuma ya jina Józef Kos, na simlaumu yeyote aliyeitunza siri hiyo wakati wa vita. Ila vita viliisha 1945, yeye akafariki 1990, na jeshi lako likaendelea kutumia vyombo vilivyotokana na ubunifu wake hadi 1995. Chombo chenyewe kiliitwa tu kitambuzi cha mabomu cha Kipoland, kana kwamba taifa zima liliketi kikao likakibuni.

Ninaomba, Mheshimiwa, kwamba kila tarehe 23 Oktoba, El Alamein inapokumbukwa, wizara yako imtaje mhandisi huyu, na kwamba kila askari anayeshikishwa kitambuzi cha mabomu kwa mara ya kwanza aambiwe kilianzia kwa nani: Józef Kosacki, kwa jina lake kamili, si Kos.

Wako kwa heshima,
Mkazi wa Morogoro, Tanzania