Bibi wa Makopo ya Filamu

Berlin, Jumapili usiku

Mpendwa Zuhura,

Salamu nyingi. Mimi mzima, ila baridi inanitafuna. Pale uliposema wahakiki wa filamu ni watu wa kukaa kitako na kutia kasoro jasho la wenzao, nilicheka peke yangu. Sibishi, wapo. Lakini acha nikupe habari za mwanamke mmoja.

Lotte Eisner alizaliwa hapahapa Berlin mwaka 1896, Myahudi, akasomea historia ya sanaa mpaka udaktari. Mwaka 1927 akaanza kuandikia Film-Kurier, gazeti la kila siku la mambo ya filamu. Machi 1933, Hitler ndiyo kwanza ameshika nchi, akafungasha akakimbilia Paris.

Sasa sikia. Vita vilipofika Ufaransa, Wafaransa hao hao wakamtia kambini Gurs, eti kwa kuwa ni Mjerumani! Akatoroka, akaishi kwa jina la bandia, Louise Escoffier. Rafiki yake Henri Langlois, Mfaransa mkusanyaji wa filamu za zamani, alikuwa amezificha filamu kwenye ngome ya kale huko Béduer, akamtuma akazikague. Basi yule aliyezoea kuandika nani kapatia na nani kachemsha, akawa anabandua vifuniko vya makopo vilivyoota kutu, mikono imekufa ganzi, ajue mkanda upi ni upi. Na mikanda ya siku zile ilikuwa ya naitreti, kitu kinachoshika moto upesi, cheche moja tu, kwisha habari.

Vita vilipokwisha akawa mhifadhi mkuu wa Cinémathèque française, hazina ya filamu huko Paris, hadi 1975. Kitabu chake cha 1952, L'Écran démoniaque, kinaeleza jinsi filamu za kimya za Kijerumani zilivyochota mwanga na vivuli vyake kwenye jukwaa la Max Reinhardt, mwongozaji wa tamthilia. Katikati kilinichosha, nisikufiche. Lakini tangu nikisome, nikitazama filamu ya Murnau, mmoja wa waongozaji wa filamu hizo, macho yananikimbilia ngazini na ukutani, kwenye vivuli, kabla hata sijamtazama mwigizaji.

Vijana waliokuja kutengeneza filamu Ujerumani baada ya vita hawakuwa na wazee wa kuwafuata, maana wengi wa wazee walikuwa wameimba wimbo wa Wanazi. Wakamfuata yeye. Mwishoni mwa 1974 mmoja wao, Werner Herzog, alisikia Lotte yu mahututi, akatoka München kwa miguu mpaka Paris, theluji ikimpiga, akiamini akifika kwa kutembea bibi hatakufa. Wiki tatu njiani! Mimi kwenda kituo cha treni tu nalalamika. Bibi akapona, akaishi hadi 1983. Mwenzake Wim Wenders naye akaitabaruku kwake filamu yake Paris, Texas.

Ukiipata Fata Morgana ya Herzog, usiruke mwanzo. Picha ni za jangwani, na sauti ya kike inayosoma simulizi ya uumbaji ya Wamaya, wenyeji wa kale wa Amerika ya Kati, ndiyo ya Lotte.

Msalimie mama, mwambie mdalasini umefika salama.

Wako,
Mwanaidi