Msiseme "Safari Hii Tu": Barua kwa Wanangu wa Vikoba vya Tabora

Mwangaluka, wanangu.

Barua hii ni ya wajumbe na viongozi wa vikoba, vikundi vyetu vya kuweka na kukopa, vya hapa mjini, kuanzia Isevya na Ng'ambo hadi Cheyo na Ipuli, hasa nyinyi vijana mliokabidhiwa daftari na funguo na wazee waliochoka. Baadhi yenu niliwapokea mimi siku mlipozaliwa, kwa hiyo sitawapamba.

Kuna kikoba kimoja, sitakitaja, kimevunjwa Desemba iliyopita pasipo mgao wa maana. Watu thelathini walinunua hisa mwaka mzima: akina mama wa maandazi, vijana wa bodaboda, fundi cherehani, mwalimu wa chekechea. Januari imeingia, watoto wanataka sare na madaftari, na ndani ya sanduku hamna hata robo ya walichoweka. Nimekaa na akina mama wale. Mmoja hakusema neno, alikuwa akikifungua na kukifunga kitabu chake cha hisa tu. Sijalala vizuri tangu siku hiyo.

Fedha hazikuibwa, na hilo ndilo linaloniuma. Zilitolewa mchana kweupe, mkutanoni, akidi imetimia, watu wameinua mikono. Katiba yao inasema mkopo hauzidi mara tatu ya hisa za mkopaji. Mjumbe mmoja, mtu mchangamfu mwenye maneno mazuri, alikuwa na hisa za shilingi 200,000. Aliomba 3,000,000 akanunue mpunga Igunga wakati wa mavuno, auze bei ikipanda. Katibu alisoma kifungu. Kisha yakaanza: jamani, huyu si tunamfahamu? Mwaka juzi tulimpa zaidi ya kiwango na alirudisha kabla ya muda. Riba atakayoleta tutafaidi wote. Katiba tumeitunga wenyewe, itatuzuiaje? Safari hii tu. Washika funguo watatu wakatoa funguo zao, kufuli tatu zikafunguliwa kwa utaratibu, fedha zikahesabiwa mara mbili kama inavyotakiwa. Bei ya mpunga haikupanda alivyotarajia, na sasa simu yake haipatikani.

Wanaosimulia kisa hiki wote wanamsema mtu yule. Mimi namwachia Mungu na mwenyekiti wa mtaa. Ninachotaka kuzungumza ni ule mkutano.

Ile "mara tatu" haikuokotwa njiani. Mwenye hisa za 200,000 akikopa 600,000, akadhaminiwa na wajumbe watatu wenye hisa kama zake, hisa za watu hao wanne kwa pamoja ni 800,000. Akishindwa, deni na riba vinafidiwa palepale, na wajumbe ishirini na sita waliobaki hawaguswi. Sasa mpeni 3,000,000. Wadhamini ni walewale, hisa zao ni zilezile 800,000. Shilingi 2,200,000 zimetoka kwa watu ambao hawakumdhamini mtu yeyote, na yule mama wa kitabu ni mmojawapo. Hii ni hesabu ya shule ya msingi. Hakuna aliyeifanya siku ile, kwa sababu hakuna aliyejua kwamba kifungu kile kina hesabu ndani yake. Walikijua kama amri, na amri ambayo watu hawajui imewekwa kwa nini, mwenye ulimi mtamu anaiangusha kwa dakika tano.

Halafu kuna hilo la mwaka juzi alirudisha. Wanangu, mwaka aliporudisha ndipo kikoba kilipoumia, ila maumivu hayakuonekana. Anayevuka reli pale stesheni bila kutazama, treni isipomgonga, hajavuka vizuri. Mlichojifunza mwaka ule ni kwamba kifungu kinaweza kurukwa na jua likachwa salama. Uamuzi ulikuwa mbovu siku mlipoufanya, na ungebaki kuwa mbovu hata kama mpunga ungepanda mara mbili mkala pilau. Upimeni kwa yale mliyoyajua na mliyoyauliza siku ile. Mliuliza nini? Nimesoma muhtasari. Hamna swali hata moja lililoandikwa.

Niwaambie ukali huu nimeutoa wapi. Maisha yangu yote ya kazi nimekuwa mkunga. Wodini tulikuwa na karatasi ya kufuatilia uchungu wa mama anayejifungua, inaitwa patografu. Aina tuliyoitumia ilianzia kwa madaktari wawili, Philpott na Castle, kule Harare, enzi mji ule ukiitwa Salisbury, na waliichapisha mwaka 1972. Shida yao ilikuwa kama yetu: wakunga wachache kwenye vituo vya mbali, hospitali kubwa iko moja, na mama akicheleweshwa anapotea yeye na mtoto. Wakachora mistari miwili. Wa kwanza ni wa tahadhari: mlango wa kizazi ulitarajiwa kufunguka angalau sentimita moja kila saa. Wa pili, saa nne mbele yake, ni wa kuchukua hatua. Kila unapompima mama unaweka alama. Alama zikivuka mstari wa kwanza, mama aliye kituoni anaandaliwa kwenda hospitali.

Fikirini kilichofanyika pale. Watu walikaa mchana, wametulia, mbele yao kumbukumbu za wazazi wengi, wakafikiri kwa niaba ya mkunga mmoja atakayekuwa peke yake saa tisa usiku, taa ya chemli, miguu imevimba. Saa hiyo akili ya mtu hutafuta sababu ya kusubiri, na sababu hazikosekani. Nimezisikia zote. Huyu ni uzazi wa nne, atajifungua tu. Mama yake mzazi naye alikuwa hivi hivi. Gari liko mbali, mvua inanyesha. Shangazi hataki apasuliwe. Kila moja ina chembe ya ukweli, na ndiyo maana ni za hatari. Nilifanya kazi na dada mmoja mzoefu kuliko sisi sote. Alama zikigusa mstari hakuwa anabishana na mtu. Anaandika rufaa huku nyie mnaongea. Walimwita mgumu. Wapo watu wazima Tabora hii wanaotembea leo kwa sababu ya ugumu ule, na wala hawajui.

Mtoto naye akishatoka ana kanuni yake. Mwaka 1952 daktari wa usingizi wa New York, Virginia Apgar, alipanga ishara tano za kutazama: rangi ya mwili, mapigo ya moyo, kushtuka akiguswa, nguvu ya misuli, na kupumua. Kila ishara inapewa sifuri, moja au mbili, dakika ya kwanza na dakika ya tano. Kabla ya hapo kila daktari alitazama kwa jicho lake, na mtoto mnyonge aliweza kuachwa akidhaniwa hana maisha. Mwanafunzi wa uuguzi mwenye ishara tano kichwani anajua haraka nani wa kukimbiliwa. Jicho la mzoefu ni zuri. Jicho la mzoefu likilazimishwa kutazama mambo yaleyale matano kila mara ni zuri zaidi.

Sasa msije mkadhani nasema kanuni ni msahafu. Ule mstari wa sentimita moja kwa saa tuliousomea na kuufanyia mtihani, Shirika la Afya Duniani liliupitia upya. Mwaka 2018 likasema akina mama wengi hufunguka polepole kuliko hapo na wakajifungua salama, kwa hiyo mstari huo peke yake usiwe sababu ya kumwongezea mama uchungu kwa dawa au kumpasua. Mwaka 2020 likatoa mwongozo mpya wa kufuatilia uchungu. Kanuni ilibadilika. Lakini tazameni ilivyobadilika: kwa ushahidi uliokusanywa, mezani, na watu ambao usiku ule hawakuwa na mgonjwa wa kumtetea. Haikubadilishwa na mkunga mmoja kando ya kitanda kwa kuwa anamfahamu mama wa mgonjwa.

Mnataka kukopesha mara tano ya hisa? Huenda ni sawa kwenu. Leteni hoja hiyo siku ambayo hakuna mkopaji anayesubiri. Pigeni hesabu, semeni wadhamini wataongezeka wangapi, andikeni, pigeni kura, ianze mzunguko ujao. Hoja yenu ikiwa ya kweli leo itakuwa ya kweli na mwezi ujao. Ikiwa haiwezi kungoja mwezi mmoja, ijueni kwamba ni haja ya mtu imevaa nguo ya hoja.

Na hapa nawageukia wale wa upande wa pili, maana nao wananikera. Kuna kikundi kilimtoza faini ya utoro mama ambaye mwanawe alikuwa amelazwa. Katibu, kijana msomi, anasema katiba ni katiba. Mwanangu, faini ile imewekwa kwa ajili ya wavivu na wenye dharau. Mama aliyelala sakafuni hospitalini ni yupi kati ya hao? Tena sanduku hilohilo lina mfuko wa jamii, ambao kazi yake ni kumfuata mtu kama huyo wodini na sabuni na maziwa. Anayeng'ang'ania kifungu bila kujua kimewekwa kwa nini hatofautiani sana na anayekivunja. Wote wawili wamekataa kufikiri. Dawa yake ni kuyaona mambo mapema: msiba, kulazwa, kujifungua, nyumba kuanguka kwa mvua. Yaandikeni leo kama misamaha, kwa majina yake, ili siku ikifika msamaha utolewe kwa mtu yeyote, hata yule msiyempenda.

Katiba zenyewe ni ndefu mno. Mtindo huu wa vikundi ulianzishwa mwaka 1991 kwa akina mama wa Maradi, kule Niger, wengi wao wasiojua kusoma, kwa hiyo kanuni zilipaswa kuwa chache kiasi cha kukaa kichwani mwa kila mmoja. Sisi tunaosoma tumefanya nini? Tangu Sheria ya Huduma Ndogo za Fedha ya mwaka 2018 ituweke daraja la nne, lile la vikundi vya kijamii, na kututaka tujisajili, watu wanachukua katiba ya kikundi kingine, wanabadilisha jina, wanaipeleka halmashauri, wanaifungia kabatini. Kisha mnashangaa haiwalindi.

Lakini nisiwaonee, hamkujifunzia haya kikobani. Nyumbani mtoto akiuliza kwa nini, tunamwambia kwa sababu nimesema. Shuleni ni hivyo hivyo. Akikua anaona foleni inarukwa kwa kuwa fulani ni mkubwa. Nchi hii imezika watu wengi kwa neno "safari hii tu". Meli ya MV Bukoba ilizama Ziwa Victoria tarehe 21 Mei 1996 ikiwa imebeba watu kupita kiwango chake, tukapoteza mamia. Tukalia, tukaunda tume, tukasema haitarudiwa. Tarehe 20 Septemba 2018, MV Nyerere, kivuko cha kubeba watu 101, kikapinduka ziwani humohumo, karibu kabisa na kisiwa cha Ukara, wakafa zaidi ya 200. Ile 101 ilikuwa hesabu ya mtu aliyepima uzito na maji. Waliopanda baada ya hapo kila mmoja alikuwa na sababu nzuri: soko, mgonjwa, harusi, jua linazama. Na wenye kivuko nao waliwahurumia, au walitaka nauli, matokeo ni yaleyale.

Mengine nayataja tu, mtayajaza wenyewe. Mkopaji atoke nje wakati anajadiliwa. Mdogo na mkimya waulizwe kwanza, mwenyekiti aseme mwisho. Ombi kubwa lilale usiku mmoja kabla ya kupigiwa kura. Kura iwe ya siri. Mtu akisema fulani alifanikiwa kwa biashara hii, ulizeni wangapi walijaribu wakaanguka. Andikeni kwenye muhtasari mnachotarajia kitokee na kwa nini, kabla hakijatokea. Msiamue lolote la fedha mvua inapokaribia na watu wameshashika mabegi yao.

Kwa nyinyi wa kikoba kilichovunjika: najua baadhi yenu mmeshaanza kutafutana ubaya. Acheni. Yule mjumbe akipatikana, au ndugu zake wakianza kulipa kidogo kidogo, fedha zitarudi vipande vipande, na kila mmoja wenu atakuwa na sababu ya kweli ya kutangulia. Basi amueni sasa, kabla shilingi ya kwanza haijarudi, nani atapata nini. Mimi napendekeza kila kinachorudi kigawanywe kwa uwiano wa hisa, na wale wadhamini watatu wawe wa mwisho. Mkiona vingine, semeni na sababu zenu.

Jumamosi nitakuja. Katibu alete daftari lote la mikopo, na la mwaka juzi pia. Kila mjumbe achague kifungu kimoja cha katiba, asimame, aeleze kimewekwa kwa ajili gani. Kitakachokosa wa kukieleza tutakiweka kando, tukijadili mkutano unaofuata. Wenye watoto wanaonyonya waje nao, kikao kitakuwa kirefu.

Bibi yenu,
Mkunga mstaafu, Tabora