Kwa Mama Nyemo: unga wa uwele hausubiri

Mvumi, Dodoma
12 Juni

Mbukwenyi Mama Nyemo,

Ujumbe wako nimeupata. Unasema unga wa uwele uliotoka nao huku umeanza kunuka panya hata wiki mbili hazijafika, ugali wake mchungu, na unamshuku mwenye mashine. Mwache mwenye mashine. Uwele una mafuta kuliko mtama na mahindi, na mengi yamo kwenye kiini. Punje ikiwa nzima inakaa. Ikishasagwa, mafuta yanakutana na hewa na unga unachacha ndani ya siku chache. Kwa joto la Dar, ndiyo kabisa.

Watu husema bibi zetu walisaga kila siku kwa sababu mashine haikuwepo. Ni kweli, lakini hata ingekuwepo, unga wa mwezi mzima ungewaaibisha mbele ya wageni. Uwele wenyewe ndio uliowapigisha magoti kila siku.

Tena jiwe la kusagia lilikuwa hatua ya mwisho. Kazi ilianzia kwenye kinu. Uwele hunyunyiziwa maji, viganja viwili vitatu kwa sado moja, na maji hayo kiangazi yalichimbwa kwenye mchanga wa korongo, kwa hiyo hakuna aliyeyamwaga ovyo. Unyevu kidogo unalegeza ganda na kuiacha punje ngumu. Ukizidisha, punje inapondeka pamoja na ganda lake, na hapo ungo hautenganishi kitu. Unatwanga, unapepeta, unarudia mpaka rangi ya kijivu ifunguke, pumba wale kuku. Kisha unaanika, maana punje yenye maji inagandia jiwe.

Jiwe la chini ni pana na limeinama kwenda mbele. La juu hushikwa kwa mikono miwili. Wasichana wa siku hizi wakijaribu wanasukuma kwa mikono na dakika kumi wamechoka. Kinachosukuma ni mwili. Unapiga magoti upande ulioinuka, unaegemea mbele, uzito unashuka wenyewe. Mara ya kwanza ni kupaaza, unapata chenga. Mara ya pili ndiyo unga. Mlo mmoja wa nyumba ya watu sita au saba ulikula saa nzima na zaidi. Na jiwe likitumika sana linalainika, punje zinateleza tu juu yake. Hapo hugongwagongwa kwa jiwe gumu lipate meno upya, halafu unasagia pumba konzi kadhaa na kuzimwaga. Ukiruka hatua hiyo mnatafuna changarawe wiki nzima. Lile jiwe la mama yako unalonywesheshea kuku si bovu, limekosa kugongwa.

Kaya zilipokusanywa vijijini kwa Operesheni Dodoma ya 1971, mashine ilipata sababu ya kuwekwa, kwa kuwa wateja walikuwa mahali pamoja. Magoti yakapumzika. Ila watu wengi mahali pamoja wanamaliza kuni za karibu, na saa iliyookolewa kwenye jiwe ikaenda porini. Hesabu hiyo husikii ikisemwa mashine inaposifiwa.

Ukienda kusaga, uliza kwanza chekeche. Lile la mahindi lina matundu makubwa, uwele unapita nusu mzima. Omba la matundu madogo, na usiwe wa kwanza baada ya mtu wa mahindi. Unga ukitoka ni wa moto: utandaze upoe kabisa kabla ya kufunga, la sivyo mfuko unatoa jasho ndani. Uliokobolewa unadumu kuliko dona, kwa kuwa sehemu ya kiini imetoka na pumba. Saga wa siku tatu nne, basi. Ukiwa na friji, uweke humo.

Ugali wake uanze kwa uji. Koroga unga kwa maji baridi, umimine kwenye maji yanayochemka, uchemke dakika tano ndipo uongeze unga mkavu. Hauvutiki kama sembe, kwa hiyo uji usipoiva vizuri, ugali unakatika mkononi.

Sasa mlenda wako uliofanya madonge. Nahisi ulimwaga unga wake wa majani makavu wote kwa mpigo. Chemsha maji vikombe vitatu na magadi kiasi cha punje ya harage. Punguza moto. Nyunyiza vijiko vitatu vya mlenda mkavu kidogo kidogo kwa mkono mmoja, mwingine unapekecha bila kusimama. Ukianza kuvuta, tia karanga zilizotwangwa nusu kikombe, na chumvi mwishoni. Usifunike, unafurika. Usiuache motoni muda mrefu, ule utelezi unakatika na kubaki maji ya kijani. Magadi yakizidi utasikia ladha ya sabuni. Mafuta ya kula usiweke, karanga zinatosha.

Ukitaka wa kwako, chuma majani machanga ya mlenda wakati wa mvua, uanike kivulini. Paa la tembe, nyumba yetu ya zamani, lilikuwa bapa, la udongo, na ndilo lililokuwa uchanja wa nyumba. Jua lake kali lilikausha upesi, ila linaunguza rangi na kula vitamini. Yakivunjika kwa kidole, twanga, chunga, weka kwenye kibuyu kikavu. Unga wa uwele haungoji wiki mbili, lakini mlenda unavuka kiangazi chote hadi mvua nyingine. Ndiyo maana bibi aliyepitia njaa ya Mtunya, ile ya 1917 hadi 1920, asingekuruhusu utupe hata majani ya kunde.

Nimekufungia sado mbili za uwele, punje nzima, na kibuyu kimoja. Basi la kesho asubuhi. Punje zipepete tena ukizipokea, nimechanganya na majivu kwa ajili ya wadudu.

Wako,
Mama Elia