Maiti hatembezwi simuni

Mhariri,

Jioni moja barazani kwetu Wete kijana alinisogezea simu usoni: "Ami, hebu tazama hii." Nilidhani mpira. Kumbe ni mtu kakatika miguu ajalini, na waliomzunguka wanarikodi badala ya kumtupia japo kanga. Chakula cha usiku kilinishinda. Vijana walicheka, walinicheka mimi, nadhani, si yule maskini.

Sisi tuliofunzwa kumsitiri maiti hata mbele ya wanaomwosha, lini tumeanza kumtembeza kwenye makundi ya WhatsApp? Mishale miwili juu ya video maana yake imeshapita mikono mingi. Tangu 2020 video ya namna hiyo husambazwa kwa mtu mmoja au kundi moja tu kwa wakati, lakini mwenye hamu hachoki kurudia. Mtoto naye akichukua simu ya mamake anaikuta imejishusha yenyewe, imekaa katikati ya picha za harusi ya shangazi.

Kujishusha huko kunazimika kwenye mipangilio, sehemu ya hifadhi na data. Yangu nimezima. Ya yule kijana pia, mbele ya babake.

Mzazi,
Wete, Pemba