Mabenchi yasiyo na jina la mtu: wito wa harambee

Wapendwa, Bwana asifiwe.

Jumapili iliyopita, mahubiri yakiwa katikati, mama mmoja aliingia na mtoto mgongoni. Akatazama kushoto, akatazama kulia, kisha akaketi sakafuni karibu na mlango. Hakuna aliyemnyima nafasi, ila nafasi yenyewe haikuwepo. Tuna mabenchi 12, na manne kati ya hayo yamesimamishwa kwa mawe. Anayewahi ndiye anayeketi, na wanaowahi ni sisi tunaokaa jirani na kanisa. Wanaotembea kutoka mbali hukuta pamejaa, wiki baada ya wiki.

Jambo hili limetuuma sana, kwa sababu sisi Wamethodisti Huru kanisa letu lilizaliwa katika ugomvi wa nani aketi wapi.

Vijana mliookoka karibuni huenda hamjasimuliwa. Katikati ya karne ya 19, huko magharibi mwa jimbo la New York, Marekani, makanisa ya Kimethodisti yalianza kujengwa kwa fahari. Ili gharama zilipwe, viti vikauzwa au kukodishwa. Familia yenye uwezo ililipia kiti chake cha mbele, na asiye na kitu akabaki mgeni ndani ya nyumba ya Baba yake. Mchungaji Benjamin Titus Roberts hakunyamaza. Mwaka 1857 aliandika makala akilalamika kwamba wenzake wanayaacha mafundisho ya utakaso waliyoyapokea kwa John Wesley, mwanzilishi wa Umethodisti, na akakemea biashara ya viti. Konferensi yake, yaani baraza la wachungaji wa eneo lake, ile ya Genesee, ikamshtaki, na mwaka 1858 ikamfukuza. Alikata rufaa kwa Mkutano Mkuu uliokaa Buffalo mwaka 1860, lakini hakurudishwa.

Waliosimama naye wengi walikuwa walei, watu wa mashamba na vijiji, waliozoea kukusanyika kwenye mikutano ya kambi, ya kuabudu nje kwa siku kadhaa, kama ile ya Bergen, wakiomba na kutubu kwa sauti bila kuona haya. Tarehe 23 Agosti 1860, katika kijiji cha Pekin, jimbo hilohilo la New York, wakaunda kanisa jipya. Neno "Huru" walilichagua kwa makusudi: viti viwe bure kwa kila mtu, mtumwa aachiwe, ibada isizimwe na taratibu za kujionyesha, na muumini asifungwe na viapo vya vyama vya siri. Mwaka 1935 mmisionari John Wesley Haley aliileta kazi hiyo Burundi, na kutoka kwa watu wa namna hiyo nasi tukaipokea imani hii.

Kinachonigusa kuliko yote ni mwaka 1910. Konferensi ileile iliyomfukuza Roberts ilikiri kosa na kurudisha hati zake za uchungaji. Alikuwa amekufa tangu 1893, kwa hiyo hati akapokea mwanawe.

Sasa turudi kwenye mabenchi yetu. Ndugu mmoja mwenye moyo mwema alipendekeza kila atakayelipia benchi zima jina lake lichongwe kwenye mgongo wa benchi hilo. Fedha zingepatikana upesi, hilo hatubishi. Wazee wa kanisa waliliombea wakakataa. Benchi lenye jina huanza kuwa na mwenyewe, na siku mwenyewe akichelewa, mama yule ataogopa kulikalia. Kwa sababu hiyohiyo, siku ya harambee hakutakuwa na meza kuu wala kipaza sauti cha kutangaza nani katoa kiasi gani. Kikapu kitapita, kila mtu ataweka alichonacho, basi. Huenda uamuzi huu ukatupunguzia mapato. Tumekubali hivyo, na tunakuomba wewe unayesoma utoe kana kwamba utasikika kwa kila mtu.

Tunahitaji mabenchi 30, kila moja la watu watano. Matatu kati yake yatakuwa na migongo mirefu na mahali pa kuegemeza mikono, kwa ajili ya wazee wetu na kina mama wajawazito. Fundi ni mshiriki wa hapa hapa, hatatoza malipo ya kazi yake, na ameahidi kufundisha vijana wanne useremala wakati kazi ikiendelea. Kwa hiyo kinachotafutwa ni mbao ngumu, misumari, gundi, msasa na vanishi. Mwenye mti uliokatwa na kukauka vizuri, tutaupokea kwa furaha. Asiye na fedha wala mbao aje na mikono yake: kupiga msasa mabenchi 30 si kazi ya mtu mmoja, na kina mama wameshapanga zamu.

Harambee ni Jumapili ya mwisho ya Agosti, mara baada ya ibada. Walio mbali wanaweza kutuma kwa mkono wa mjumbe yeyote wa baraza la kanisa. Mhazini atahesabu mbele ya wazee wawili, na juma hilohilo karatasi itabandikwa mlangoni ikionyesha jumla iliyopatikana na kila kilichonunuliwa. Majina ya watoaji hayatakuwemo.

Mwenye mbao azilete Jumamosi asubuhi, tena zikiwa kavu, ili fundi azipange ndani kabla watu hawajaanza kuingia kwa ibada.